Kinyonga: aina zake, mahitaji yake, na kwa nini ndoo si nyumba yake

Mvua zinapoanza, vinyonga huonekana zaidi barabarani, kwenye michongoma na kwenye miti ya matunda. Maswali nayo huongezeka. Wasikilizaji hutuuliza kama kinyonga ana sumu, kama ni mkosi kumkuta mlangoni, kama anaweza kufugwa, na kama ni kweli wapo watu ng'ambo wanaomnunua kwa pesa nyingi. Hewani tumekuwa tukijibu kidogo kidogo. Hapa tumekusanya majibu mahali pamoja, uyasome kwa simu yako kwa nafasi yako, na umsomee jirani asiyeweza kusoma.

Jibu fupi ni hili. Kinyonga hana sumu. Anaweza kufugwa na mtu mwenye kibali, vifaa na uvumilivu. Lakini yule anayeokotwa njiani na kutiwa kwenye ndoo au boksi hufa upesi, na wengi hawaelewi ameuawa na nini. Kumwelewa anayemfuga vizuri kunatusaidia kuelewa kinyonga anahitaji nini hasa. Na ukishajua anachohitaji, utaona kwamba sehemu kubwa ya vitu hivyo unavyo tayari nyumbani kwako, bila kumfungia popote.

Kinyonga ni mnyama gani?

Kinyonga, ambaye wengine humwita lumbwi, ni mtambaazi, ndugu wa mijusi. Duniani kuna aina zaidi ya 200. Karibu nusu yake ziko Madagaska, na nyingi ya zilizobaki ziko bara la Afrika. Tanzania peke yake ina aina zaidi ya 30, na hiyo inatuweka miongoni mwa nchi zenye vinyonga wa aina nyingi zaidi.

Miguu yake imegawanyika vidole mafungu mawili, hivyo hushika tawi kama koleo. Mkia wa aina nyingi hufanya kazi ya mkono wa tano. Macho yake hayategemeani: moja linaweza kutazama mbele na jingine nyuma kwa wakati mmoja. Akiona mdudu, macho yote mawili humwelekea ili apime umbali, kisha ulimi hufyatuka. Ncha ya ulimi ina ute mzito unaonata.

Tuna jambo la kujivunia hapa. Mwaka 2016 mtafiti Christopher Anderson wa Chuo Kikuu cha Brown, Marekani, alichapisha vipimo vya ndimi za aina 20 za vinyonga. Aliyeongoza kwa nguvu ya kufyatua ulimi, akilinganishwa na ukubwa wa mwili, alikuwa kinyonga mdogo sana wa misitu ya milima ya Usambara, mwenye kijipande kama ua puani. Ulimi wake ulifika umbali wa mara 2.5 ya urefu wa kiwiliwili chake. Kwa kitaalamu huitwa Rhampholeon spinosus. Unaweza kumweka mtu huyu mdogo kiganjani na nafasi ikabaki.

Je, ana sumu? Je, ni mkosi?

Hana sumu ya kuuma, wala ya kutema, wala ya kugusa. Kinyonga mkubwa akikamatwa anaweza kuuma kwa kujitetea. Utasikia maumivu kidogo, na kama ngozi imechubuka osha kwa maji na sabuni. Kupanuka mwili, kufungua mdomo na kutoa sauti ya kufoka ni vitisho tu. Hana silaha nyingine, na hawezi kukimbia.

Kuhusu mkosi, tunajua kwamba katika jamii zetu nyingi kinyonga anaogopwa. Zipo simulizi za kale, zinazosimuliwa kwa namna mbalimbali toka Afrika Kusini hadi huku kwetu, zinazosema kinyonga alitumwa na Mungu kuleta habari kwamba binadamu hatakufa, akachelewa njiani, na mjumbe mwingine akatangulia na habari ya kifo. Simulizi ni urithi, na hatuna nia ya kuzidharau. Lakini kinyonga aliyeko mlangoni kwako amefuata nzi wanaozunguka taa au jalala. Hakutumwa na jirani.

Anabadilishaje rangi?

Wengi wanaamini kinyonga hufuata rangi ya mahali alipo: ukimweka kwenye kitambaa chekundu awe mwekundu. Sivyo. Rangi hubadilika hasa kwa sababu ya joto, mwanga, na hali yake: hofu, hasira, ugonjwa, kutaka jike au kumkataa dume. Asubuhi yenye baridi huwa mweusi mweusi ili anase joto la jua. Usiku akilala huwa mweupe mweupe.

Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Geneva, Uswisi, walieleza namna ngozi inavyofanya kazi hiyo. Chini ya ngozi ya juu kuna seli zenye fuwele ndogo mno zilizopangwa kama matofali. Kinyonga akitulia, fuwele hukaribiana na ngozi hurudisha mwanga wa bluu, ambao ukichanganyika na rangi ya njano iliyomo kwenye ngozi tunauona kama kijani. Akipandwa na hasira, fuwele huachana, na rangi huelekea kwenye njano na wekundu. Walimchunguza kinyonga wa Madagaska anayeitwa Furcifer pardalis.

Kwa mfugaji, jambo hili lina maana kubwa. Rangi ndiyo lugha ya kinyonga. Aliyekolea weusi mchana kutwa, au aliyefumba macho mchana, anakuambia kwamba hali yake si nzuri.

Aina unazoweza kukutana nazo

Kinyonga wa kawaida wa nyanda za chini. Huyu ndiye unayemwona kwenye miembe, mikorosho na michongoma kuanzia pwani hadi bara. Nyuma ya kichwa ana vipande viwili vya ngozi kama masikio ya tembo, ambavyo huvitandaza akikasirika. Kwa kitaalamu ni Chamaeleo dilepis. Jike hushuka mtini, huchimba shimo ardhini na kutaga mayai kati ya 20 na 50, wakati mwingine zaidi. Mayai hukaa ardhini miezi mingi, hata karibu mwaka mzima, kabla ya kuanguliwa. Ukikuta kinyonga mnene akitambaa taratibu chini, huenda ni mama anayetafuta pa kutagia.

Kinyonga mkubwa wa Meller. Ni mkubwa kuliko wote katika bara la Afrika ukiacha visiwa, na anaweza kukaribia sentimita 60 pamoja na mkia. Ana kipembe kidogo kimoja puani na mistari ya kijani na njano au nyeupe. Anapatikana Tanzania, Malawi na Msumbiji.

Kinyonga wa pembe tatu. Wapo wa aina kadhaa. Wa Usambara anaitwa Trioceros deremensis, na jina hilo limetokana na Derema, karibu na Amani. Dume ana pembe tatu, jike hana. Yupo pia kinyonga wa Jackson, wa nyanda za juu za Kenya na mlima Meru, ambaye hatagi: jike huzaa watoto walio hai.

Vinyonga wa pembe mbili wa milimani. Hawa ndio waliobeba jina la lugha yetu. Mwaka 2006 wanasayansi walipounda jenasi mpya kwa ajili yao, waliiita Kinyongia, kutokana na neno la Kiswahili kinyonga. Lushoto na vitongoji vyake wanaonekana hata kwenye bustani na ua wa nyumba.

Vinyonga kibete. Hawa hawana makuu. Wanafanana na jani kavu, mkia ni mfupi, na hushinda karibu na ardhi ya msitu. Usiku hupanda vijiti vifupi kulala. Wakata kuni wengi wamewapita maisha yao yote bila kuwaona.

Kila mlima na wa kwake

Misitu yetu ya milimani ni kama visiwa. Kati ya mlima mmoja na mwingine kuna tambarare kavu yenye joto, na kinyonga wa msituni hawezi kuivuka. Kwa muda mrefu sana kila kundi limebaki peke yake na kuwa aina ya pekee. Zamani vinyonga wengi wa pembe mbili waliwekwa chini ya jina moja. Mwaka 2008 watafiti waliwapanga upya, na ikaonekana kwamba Usambara Magharibi ina wake, Usambara Mashariki ina wake, na milima ya Taita, Kenya, nayo ina wake.

Mwaka 2009 ulitangazwa mwingine kutoka msitu wa Magombera, bonde la Kilombero. Mtafiti Andrew Marshall alimshtua nyoka wa mtini aliyekuwa akimeza windo lake. Nyoka akamwacha kinyonga na kukimbia, na kinyonga huyo akaja kuitwa Kinyongia magomberae.

Hapa ndipo penye uzito wa jambo hili. Mnyama anayeishi kwenye mlima mmoja tu duniani akimalizika hapo, amekwisha kabisa. Hakuna wilaya nyingine ya kwenda kumchukua mbegu. Msitu ukifyekwa kwa ajili ya shamba au mkaa, au vinyonga wakizolewa kwa magunia kwenda kuuzwa, hasara hiyo hairudi.

Wanaofuga kitaalamu wanafanyaje?

Ulaya, Marekani na Japani wapo watu wanaofuga vinyonga majumbani. Wanaofugwa zaidi ni wawili: kinyonga wa Yemeni na Saudi Arabia mwenye nundu ndefu kichwani kama kofia, na yule wa Madagaska tuliyemtaja kwenye habari ya rangi. Wote wawili sasa huzalishwa huko huko mikononi mwa wafugaji, kizazi baada ya kizazi.

Mfugaji mzuri haanzi na kinyonga. Anaanza na mimea. Hivi ndivyo kizimba chake kinavyokuwa.

Kizimba. Kinakwenda juu kuliko kwenda upande, kwa sababu kinyonga hupenda kupanda. Kwa kinyonga mkubwa wa kawaida hutumika kizimba chenye upana wa sentimita 60 kila upande na kimo cha sentimita 120. Kuta huwa za wavu laini ili hewa ipite. Sanduku la kioo lililofungwa hutunza unyevu uliotuama, na hapo magonjwa ya mapafu huanza. Kioo pia humwonyesha sura yake mwenyewe, naye hudhani ni adui.

Mimea. Humo ndani kuna mimea hai yenye majani mengi, ili kinyonga aweze kujificha asionekane kabisa. Kinyonga asiye na pa kujificha huishi kwa hofu, na hofu humuua. Hutumika miti ya mapambo ya jamii ya mkuyu, mimea itambaayo yenye majani mapana kama ile ya sebuleni, na sale, mmea uleule ambao Wachaga huuotesha mipakani mwa mashamba yao. Mimea huoshwa vizuri kwanza ili kuondoa dawa. Kinyonga wa Yemeni hula na majani, kwa hiyo mmea wenye utomvu mkali hautakiwi. Kati ya mimea hupitishwa vijiti vya unene tofauti, vingine vimelala na vingine vimeinama, viwe barabara zake.

Udongo. Wengine huweka kokoto chini ili maji yasituame, kisha udongo wenye majani makavu, na ndani yake wadudu wadogo walao takataka. Kinyesi huozeshwa hapo hapo na kuwa mbolea ya mimea. Ni msitu mdogo ndani ya nyumba.

Maji. Hili ndilo kosa linaloua wengi. Vinyonga wengi hawatambui maji yaliyotulia kwenye bakuli. Wamezoea kunywa matone ya umande na mvua juu ya majani. Mfugaji hunyunyiza majani asubuhi na jioni, au huning'iniza chombo chenye tundu dogo kidondoshe tone moja moja juu ya jani. Macho yakibonyea ndani, kinyonga ana kiu ya siku nyingi.

Jua. Miale fulani ya jua huusaidia mwili wa kinyonga kutengeneza vitamini D, na bila vitamini hiyo mwili hauwezi kutumia madini ya chokaa kujenga mifupa. Miale hiyo haipenyi vizuri kwenye kioo cha dirisha. Mfugaji wa ndani hulazimika kununua taa maalumu inayoitoa, na kuibadilisha kila inapochoka. Asiyefanya hivyo humwona kinyonga wake akipata matege, taya kulegea, na mwisho kushindwa hata kufyatua ulimi.

Joto na baridi. Kinyonga wa nyanda za chini hupenda sehemu moja ya kuota joto na sehemu nyingine ya kivuli. Wa milimani ana sharti zaidi: usiku lazima pawe na baridi. Kinyonga wa Jackson hufurahia mchana wa nyuzi joto 20 hadi 27, na usiku zishuke hadi 15 au chini ya hapo. Mpeleke mnyama wa Lushoto au Meru kwenye chumba cha bati mjini Dar es Salaam, hata ukimlisha vizuri, atadhoofika.

Chakula. Anakula wadudu walio hai: panzi, nyenje, nzi, vipepeo, viwavi wasio na sumu. Wadudu wa dukani hulishwa mboga kwanza, kisha hupakwa unga wa madini ya chokaa. Mdudu aliyetoka kwenye shamba lililopuliziwa dawa ni sumu kwa kinyonga.

Upweke. Kila kinyonga hukaa peke yake. Madume wawili hupigana, na hata jike na dume hukutanishwa kwa muda mfupi tu. Anayeweka watano kwenye kizimba kimoja "wasiboreke" anawatesa wote watano.

Pa kutagia. Jike wa aina inayotaga anahitaji udongo au mchanga wenye unyevu, wa kina cha kama sentimita 30, ili achimbe. Asipopata, hubaki na mayai tumboni na kufa. Jike wa Yemeni hutaga hata bila kukutana na dume, mayai yasiyo na kitu, na bado anahitaji shimo lake.

Ukijumlisha hayo utaona: kizimba, taa, mimea, chombo cha kunyunyiza, wadudu kila siku, na uangalizi wa kila asubuhi. Yote hayo kwa mnyama asiyependa kushikwa na asiyekuzoea kama mbuzi au mbwa. Hata wanaompenda sana humtazama zaidi kuliko kumgusa.

Kwa nini aliyeokotwa hufa?

Sasa rudi kwenye ndoo. Haina jani, kwa hiyo hana pa kujificha. Haina matone, kwa hiyo hanywi hata ukimwekea maji. Iko ndani, hakuna jua. Iko karibu na jiko, usiku hakuna baridi. Mara nyingi wamo watatu au wanne, wakitishana usiku na mchana. Vinyonga wa porini pia hubeba minyoo, na mwili ukidhoofika kwa hofu na kiu, minyoo hupata nguvu. Haya yote huja kwa pamoja, na kinyonga haonyeshi ugonjwa mapema. Mtoto aliyempeleka nyumbani jioni akiwa kijani kibichi hudhani amekufa ghafla. Alikuwa anakufa tangu siku ya kwanza.

Sheria inasemaje?

Nchini Tanzania kinyonga ni mnyamapori. Kumkamata, kummiliki au kumuuza kunahitaji kibali chini ya Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009. Mwaka 2016 serikali ilisitisha usafirishaji wa wanyamapori hai kwenda nje ya nchi. Mtu akija kijijini kwako na kukuambia kazi yako ni kukusanya tu, yeye ana njia zake za kuwavusha, ujue anayebaki na hatari ya kukamatwa ni wewe uliyeshika mfuko.

Kimataifa, biashara ya vinyonga inasimamiwa na mkataba unaojulikana kama CITES. Vinyonga wetu wakubwa wamo kwenye orodha ya pili ya mkataba huo tangu miaka ya 1970. Vinyonga kibete waliongezwa katika mkutano wa mwaka 2016 uliofanyika Johannesburg, Afrika Kusini. Kuwa kwenye orodha hiyo maana yake hawavuki mpaka bila hati.

Kama una nia ya kweli ya kufuga kwa ajili ya elimu, shule au utalii, anzia kwa afisa wanyamapori wa wilaya yako au ofisi ya Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori, TAWA. Uliza kabla ya kushika mnyama hata mmoja. Na kama shida yako ni kipato, fikiria upande wa pili: wapo wageni wanaolipa ili waongozwe usiku kwa tochi kuwaona vinyonga wamelala, weupe dhidi ya majani meusi. Kazi hiyo hufanyika katika misitu kama hifadhi ya mazingira asilia ya Amani, kwa utaratibu wa hifadhi. Kinyonga huyo huyo anaonwa leo, kesho na mwakani. Aliyeuzwa anauzwa mara moja.

Usimhamishe pia

Wapo wenye huruma wanaomchukua kinyonga wa mlima mmoja na kumwachia kwingine. Tunawaomba wasifanye hivyo. Mwaka 1972 vinyonga kadhaa wa Jackson kutoka Kenya walipelekwa Hawaii, Marekani, kwa ajili ya duka la wanyama. Walifika wamechoka, mwenye duka akawaachia bustanini wapate nguvu. Walitoroka wakazaana, na leo wameenea katika visiwa kadhaa vya huko, wakila wadudu na konokono wa asili ambao hawapatikani kwingine. Mnyama anayependeza kwao anaweza kuwa msumbufu ugenini.

Ua wako unatosha

Hapa ndipo mkulima anamshinda mfugaji wa ng'ambo. Yeye ananunua taa ya jua. Wewe una jua. Yeye ananunua mashine ya kunyunyiza maji. Wewe una umande. Yeye anabanana na sale moja kwenye chungu. Wewe una ua mzima. Ili kinyonga akae kwako na kukupunguzia nzi na panzi, fanya haya.

Acha ua wa mimea hai unapoweza, na ukiupogoa usiukate wote kwa siku moja. Acha upande mmoja na majani yake.

Punguza kupulizia dawa kwenye ua na miti ya matunda. Dawa inaua chakula chake, kisha inamuua yeye.

Usichome majani makavu ovyo. Kabla ya kuchoma lundo, ligeuze kwanza. Kinyonga hawezi kukimbia moto.

Ukichimba udongo ukakuta mayai meupe madogo mengi pamoja, usiyageuze wala kuyatikisa. Yafukie tena kwa udongo ule ule.

Ukimkuta barabarani, usimvute kwa mkia wala kumnyanyua kwa mgongo. Mwekee kijiti mbele ya miguu, apande mwenyewe, kisha mpeleke kwenye kichaka kilicho upande ule alioelekea. Tazama magari kwanza; maisha yako yanatangulia.

Waambie watoto wasimpige mawe wala kumtilia tumbaku mdomoni. Mchezo huo umekuwepo miaka mingi, na kila mara mnyama hufa kwa mateso.

Walimu wanaweza kufanya zaidi. Chagueni mti mmoja wa shule, muwape wanafunzi daftari, waandike kila wiki: kinyonga yupo au hayupo, rangi gani, saa ngapi, amekula nini. Hilo ni somo la sayansi lisilohitaji kizimba, taa wala kibali, maana hakuna anayeshikwa.

Vinyonga wa Madagaska wanaoitwa Furcifer labordi hukaa ndani ya yai miezi minane au tisa, na wakishaanguliwa huishi miezi minne au mitano tu. Wa kwetu huishi zaidi ya hapo, lakini si kwa miaka mingi. Mwezi mmoja ndani ya ndoo ni sehemu kubwa ya umri wa mnyama wa namna hii.

Kama una swali ambalo hatukuligusa, au kama kwa lugha ya kwenu kinyonga ana jina jingine, tuandikie ujumbe. Majina hayo tutayasoma hewani, maana kila jina linaonyesha kwamba mahali hapo watu wamemjua mnyama huyu kwa muda mrefu. Endelea kuwa nasi.